Siti binti Saad: Aliyemrudisha Mtenda Kwenye Sentensi

Siku hizi mwanasosholojia akitaka kuonyesha yanayotendeka ndani ya nyumba za watu, jinsi mume anavyompiga mke na jinsi ukoo unavyomnyamazisha binti, hubeba kamera. Huketi na wenye nyumba siku nyingi, huwauliza, hunasa sauti na sura zao, kisha huchuja mpaka apate filamu ya saa moja ya kuwaonyesha wengine. Tumezoea kuiona kazi hiyo kuwa ya juzi. Katika makala hii nasimulia maisha ya mwanamke aliyefanya kazi inayokaribiana sana na hiyo karibu miaka 100 iliyopita, katika mtaa wa watu wa hali ya chini kisiwani Unguja, bila kamera, bila shahada na bila kupita shuleni. Naye ni Siti binti Saad.

Jina lake si geni kwetu wanafunzi wa Kiswahili. Hutajwa kila tunapofika kwenye taarabu, na mara nyingi hutengewa sentensi mbili tu: kwamba alikuwa na sauti nzuri, na kwamba anahesabiwa kuwa mwanamke wa kwanza wa Afrika Mashariki kurekodi santuri. Yote mawili ni kweli, lakini tukiishia hapo tunampita bila kumwona. Mimi ni mwanafunzi wa isimu, mzaliwa wa Pangi, na kinachonivuta kwake ni namna alivyotumia sarufi ya kawaida kabisa ya Kiswahili kuhifadhi habari za maovu waliyotendewa wanawake, wakati mahakama ilipowaacha. Hoja hiyo itaeleweka vizuri baada ya kuyajua maisha yake, kwa hiyo naanza na maisha.

Mtoto wa Fumba

Alizaliwa karibu na mwaka 1880 katika kijiji cha Fumba, kusini-magharibi mwa kisiwa cha Unguja, mahali pa wavuvi na wafinyanzi. Baba yake, Saad, alikuwa na asili ya Unyamwezi. Mama yake alikuwa na asili ya Uzigua. Ukoo wao ulikuwa wa watu wa utumwani, na jina alilopewa mtoto lilisema hali hiyo bila kificho: aliitwa Mtumwa. Siti, neno la heshima lenye maana ya bibi mwenye hadhi, ni jina alilolipata ukubwani, sauti yake ilipokwisha kumfungulia milango. Mtu mmoja, ndani ya umri wake mmoja, alitoka kwenye nomino ya chini kabisa ya jamii yake akafika kwenye mojawapo ya zile za juu.

Unguja aliyozaliwa ilikuwa ya mashamba ya mikarafuu na ya masultani. Mwaka 1890 Waingereza waliiweka chini ya ulinzi wao. Mwaka 1897 ilitolewa amri ya kukomesha utumwa, lakini masuria hawakuguswa na amri hiyo hadi mwaka 1909. Sisi wa Maniema hatuwezi kuisoma historia hii kama ya watu wengine. Miongoni mwa waliolima mashamba yale walikuwamo watu waliotolewa kwetu, wakapitishwa Nyangwe na Kasongo, wakavushwa ziwa la Tanganyika hadi Ujiji, wakateremshwa Tabora mpaka pwani. Njia hiyo hiyo ndiyo iliyotuletea Kiswahili. Lugha iliingia huku pamoja na misafara, na watu wetu wakatoka pamoja na misafara. Siti alikulia kati ya watoto na wajukuu wa watu wa namna hiyo.

Mama yake alifinyanga vyungu, na binti akajifunza kazi hiyo mikononi mwa mama. Vyungu vikishachomwa, Siti alivibeba kwenda kuviuza, akipita vijijini na mjini akinadi kwa kuimba. Inasimuliwa kwamba wateja walimtambua kwa sauti kabla hawajamwona. Hakupata elimu ya shule, jambo lililokuwa la kawaida kwa mtoto wa kike wa hali yake. Chochote alichokijua kuhusu lugha alikijua kwa sikio, na nadhani sikio hilo lilimfaa kuliko daftari.

Kuvuka kwenda Ng'ambo

Mwaka 1911, akiwa na umri wa miaka kama 30, Siti alihamia mjini. Mji wa Unguja wakati huo ulikuwa sehemu mbili zilizotenganishwa na mkono wa bahari. Upande mmoja palikuwa na Mji Mkongwe wenye nyumba za mawe, makao ya sultani, matajiri na maofisa. Upande wa pili palikuwa na Ng'ambo, nyumba za udongo na makuti, makao ya wachukuzi, madobi, mafundi, wauza samaki na watu waliokuwa wametoka utumwani juzi tu. Jina Ng'ambo lenyewe linaonyesha nani alikuwa na haki ya kutaja mahali: ni ng'ambo kwa anayetazama kutoka Mji Mkongwe. Siti akawa mtu wa Ng'ambo.

Taarabu aliikuta mjini, lakini haikuwa ya watu kama yeye. Sultani Barghash, aliyetawala kuanzia 1870 hadi 1888, alikuwa amemtuma kijana mmoja Misri akajifunze muziki, na kwa muda mrefu taarabu ilibaki kuwa burudani ya ikulu, ikiimbwa kwa Kiarabu. Mwaka 1905 kilianzishwa chama cha Ikhwani Safaa, cha mabwana waliopenda muziki huo. Mmoja wa wanachama wake, Ali Muhsin, ndiye aliyemsikia Siti, akaona kipaji chake, akamfundisha uimbaji na ala. Baadaye Siti akawa na kundi lake mwenyewe, pamoja na wanaume mafundi kama Subeit bin Ambar, Mbaruk Talsam na Maalim Shaaban.

Jambo lililobadilisha mambo ni kwamba kundi hili liliimba kwa Kiswahili. Ala zilikuwa zile zile, udi na fidla, na bahari za mashairi zilikuwa zile zile walizozijua watu wa pwani. Lakini sasa mchukuzi wa bandarini aliweza kufuata neno kwa neno. Hadhira ikapanuka. Siti aliimba katika nyumba za wakubwa, hata mbele ya Sultani Khalifa bin Harub, na aliimba Ng'ambo kwenye arusi za majirani.

Umaarufu haukuja bila masimango. Wapinzani wake walimtungia wimbo wa kumdhihaki, wakikumbusha kwamba aliingia mjini amevaa kaniki, nguo ya watumwa, na kwamba kama si sauti asingepata cha kula. Siti alijibu kwa wimbo. Hakukana vyungu wala hakudai ukoo asiokuwa nao. Alisema kwa ufupi kwamba sura nzuri na nasaba kubwa si hoja, na kwamba hasara ya kweli ya mtu ni kukosa akili. Katika mji ambamo kila mtu alipimwa kwa babu yake, jibu hilo lilikuwa zito kuliko tusi lililolileta.

Nyumba ya habari

Namna kundi hili lilivyofanya kazi inastahili kutazamwa kwa makini na yeyote anayesomea utafiti wa jamii. Usiku waliketi nyumbani kwa Siti. Majirani walikuja, wengine kusikiliza na wengine kuleta habari: nani kaachwa, nani kafukuzwa kwenye nyumba, hakimu kaamua nini leo, karani gani kala fedha za wasiojua kusoma. Habari ilizungumzwa, ikachujwa, ikapimwa na watu walioyashuhudia mambo, kisha ikatungwa wimbo. Wimbo ulirudi kwa watu wale wale walioleta habari, nao wakawa wahariri wa kwanza. Kama mtunzi amepotosha, mtaa ulijua.

Kwa hiyo ndani ya nyimbo zake mna maisha ya nyumbani ya Ng'ambo: mapenzi, wivu, talaka, wanaume wanaotapeli wanawake, wanawake wanaopigwa, na pia wakubwa wanaowadhulumu wadogo. Ni mtaa huo huo wa Ng'ambo ambao mwaka 1928 wapangaji wake waligoma kulipa kodi ya viwanja. Siti hakuhitaji kwenda uwandani, maana uwanda ulikuwa barazani kwake.

Mwaka huo huo wa 1928 alisafiri kwa meli na wenzake hadi Bombay, India, kurekodi kwa kampuni ya Gramophone ya Uingereza, ile yenye nembo ya mbwa anayesikiliza santuri. Walirekodi tena katika miaka iliyofuata, na inahesabiwa kwamba nyimbo zote zilizorekodiwa na kundi lake zilizidi 250. Sahani za wakati ule zilibeba kama dakika 3 kila upande, kwa hiyo wimbo wa usiku mzima ilibidi ubanwe. Hata hivyo ziliuzwa kwa maelfu pwani na bara. Mtu asiyeweza kusoma gazeti aliweza kukaa mkahawani akasikia, kwa Kiswahili cha watu kama yeye, habari za watu kama yeye.

Naomba wanaisimu wenzangu waitazame tena tarehe hiyo. Mwaka 1928 ndio mwaka uliofanyika mkutano wa Mombasa ambapo Kiunguja kilikubaliwa kuwa msingi wa Kiswahili sanifu. Tunafundishwa mkutano huo kama mwanzo wa historia ya usanifishaji, na kwa upande wa kamusi na vitabu vya shule ni sawa. Lakini mwaka ule ule Kiunguja cha Ng'ambo, cha mtu asiyejua kusoma, kilikuwa kikichongwa kwenye sahani na kusambazwa Afrika Mashariki bila kusubiri kamati. Maofisa wa kikoloni walichagua lahaja. Siti alionyesha inaweza kubeba nini.

Kesi ya Kijiti

Nafika sasa kwenye wimbo ulionifanya niandike. Unaitwa Kijiti, na unatokana na tukio la kweli. Mwanamke mmoja kutoka bara, aliyekuwa mjamzito, alikuja Unguja ugenini. Wenyeji wake wa kike walimtoa matembezini usiku, na katika kundi hilo alikuwamo mwanamume aliyejulikana kwa jina la Kijiti. Kijiti alimchukua mgeni yule hadi vichakani, akambaka na kumuua. Kisha alivuka bahari akakimbilia bara. Wanawake waliokuwa pamoja na marehemu walikwenda mahakamani kusema waliyoyajua. Matokeo yake wao ndio waliotiwa hatiani na kufungwa, na muuaji akabaki huru.

Hebu tuzingatie mtaa ulibaki na nini baada ya hukumu. Palikuwa na maiti moja iliyobeba mimba. Palikuwa na wanawake gerezani, ambao kosa lao mbele ya umma lilikuwa kutoka usiku na kunywa. Na palikuwa na kumbukumbu ya mahakama iliyowataja hao kuwa wakosaji. Kama kumbukumbu hiyo ndiyo ingekuwa ya pekee, leo mwanahistoria angesoma habari za wanawake wawili walevi.

Wimbo wa Siti ulipanga upya sentensi. Sitauandika hapa, lakini yeyote anayeusikiliza na kalamu mkononi ataona mambo matatu. La kwanza, Kijiti ndiye kiima. Yeye ndiye anayechukua, yeye ndiye anayekwenda naye maguguni, yeye ndiye anayemrejesha maiti, yeye ndiye anayevuka maji. Vitenzi ni vya kutenda, kimoja baada ya kingine, na mtenda hajifichi nyuma ya hata kimoja. La pili, marehemu anaitwa mgeni. Hatajwi jina, na kwa hiyo familia yake haikubebeshwa aibu, lakini neno lililochaguliwa lina uzito wote wa desturi ya pwani na ya bara. Mgeni yuko chini ya ulinzi wa mji mzima. Aliyemuua mgeni ameuvunjia heshima kila mwenye nyumba. La tatu, hadhira inaamriwa itazame. Wimbo hauombi huruma. Unawaita watu kuwa mashahidi, baada ya mashahidi wa kwanza kufungwa.

Jina la Kijiti nalo linavutia. Kijiti ni mti uliopunguzwa kwa kiambishi ki-, kitu kidogo cha kuokota njiani. Mahakama haikumgusa mtu huyu, lakini kwa miaka karibu 100 jina lake limeimbwa kwa maana moja tu. Bi Kidude, aliyefariki mwaka 2013 baada ya kuimba maisha yake yote, aliuimba wimbo huu hadi uzeeni. Wimbo ulimpa Kijiti kifungo ambacho hakimu hakumpa.

Siwezi kudai kwamba wimbo ulitosha. Wanawake wale walitumikia kifungo chao, na mgeni hakufufuka. Tena wimbo wa namna hii una hatari zake: ukitungwa kwa uvumi, unaweza kumwangamiza asiye na hatia. Siti aliimba jambo ambalo mtaa ulikuwa umelijua na kulipima, na ambalo lilikuwa limekwisha kufika mbele ya hakimu. Nguvu ya kazi yake ilitoka kwenye uchujaji ule wa barazani kabla haijatoka kwenye koo.

Miaka ya mwisho

Katika miaka yake ya mwisho Siti alitembelewa na Shaaban Robert, ambaye alimhoji na kuandika wasifu wake. Kitabu hicho, Wasifu wa Siti binti Saad, kimekuwa nguzo katika masomo ya fasihi ya Kiswahili, na ni kwa sababu hiyo tunajua mengi kuhusu mwanamke ambaye hakuweza kujiandikia mwenyewe. Siti alifariki tarehe 8 Julai 1950, akiwa na umri wa miaka kama 70. Wasifu wenyewe ulichapishwa baada ya kifo chake.

Waandishi wa habari wanawake wa Tanzania walipounda chama chao, TAMWA, mwaka 1987, waliona mapema kwamba wanafuata nyayo za mtu. Jarida lao waliliita Sauti ya Siti. Katika miaka ya 1990 chama hicho kilikuwa miongoni mwa waliopigania sheria kali dhidi ya makosa ya kujamiiana, iliyopitishwa mwaka 1998. Hapo naona mstari ulionyooka: kutoka baraza la Ng'ambo hadi gazeti, na kutoka gazeti hadi bungeni. Waliompa jarida jina hilo walielewa kwamba sauti yake ilikuwa njia ya kutoa ushahidi kabla ya kuwa burudani.

Kwa nini Pangi

Niliahidi hoja itakayogusa kwetu. Pangi ni nchi ya Warega, mashariki mwa Kindu, nchi ya misitu na ya machimbo ya bati ya Kalima. Kwa Mrega, habari kwamba sheria inaweza kukaa ndani ya wimbo haishangazi. Katika bwami, mafundisho ya maadili hupitishwa kwa methali zinazoimbwa na kuchezwa, kila methali ikiambatana na kitu kinachoonyeshwa: kisanamu cha pembe, gome, ganda la konokono. Mwanamume hafiki daraja la juu peke yake, kwani mkewe naye huingizwa katika daraja linalomhusu, na mwanamke aliyefika kuwa kanyamwa huheshimiwa na wote. Wazee wetu walijua kwamba neno lililoimbwa halipotei upesi.

Lakini tazama linalotokea binti wa Pangi akitendewa ukatili leo. Jambo huelezwa kwanza kwa Kirega, nyumbani. Likitoka nje ya ukoo, husemwa kwa Kiswahili chetu cha Maniema. Likifika kwa afisa wa polisi na baadaye mahakamani, huandikwa kwa Kifaransa, ambacho ndicho lugha rasmi ya nchi. Ni lugha 3, na katika kila kivuko kitu kinaweza kuanguka majini.

Kinachoanguka mara nyingi ni mtenda. Kiswahili chetu kina maneno mengi ya stara kwa jambo hili, na karibu yote yana kiambishi cha kutendwa: aliharibiwa, alishikwa kwa nguvu, alifanyiwa mambo. Kauli ya kutendwa hairuhusu tu kumwacha mtenda. Katika mazungumzo ya heshima inamwalika msemaji amwache. Hata tunapotumia kauli ya kutenda, tukasema walimuchezea, kiambishi wa- kinamficha mtu mmoja mwenye jina ndani ya kundi lisilo na sura. Stara hiyo ina sababu nzuri, yaani kumlinda binti. Ila ikishapita kwa mkalimani na karani, sentensi inayobaki kwenye karatasi ni ya msichana aliyepatwa na jambo, kana kwamba ni mvua iliyomkuta njiani. Na ukoo ukikaa kumaliza jambo kwa mbuzi, sentensi kama hiyo huwa imekwisha kurahisisha kazi.

Nchi yetu ina sheria. Sheria mbili za tarehe 20 Julai 2006 ziliweka maana ya ubakaji kwa upana, zikaweka kifungo cha miaka 5 hadi 20, na zikataka hukumu itolewe ndani ya miezi 3 baada ya kesi kufika mbele ya mamlaka. Maandishi yake ni ya Kifaransa. Mama wa Pangi anayetaka kujua sheria inasema nini juu ya binti yake lazima amtegemee mtu wa kumtafsiria, na jinsi mtu huyo atakavyochagua vitenzi si jambo dogo.

Hapo ndipo kazi ya Siti inatugusa sisi wa kitivo cha lugha. Alionyesha kwamba inawezekana kumlinda aliyedhulumiwa na kumtaja aliyedhulumu ndani ya sentensi moja, kwa Kiswahili cha kila siku, bila kukosa adabu. Mgeni hakutajwa jina, Kijiti alitajwa. Sisi tunaofundishwa tafsiri na ukalimani, na ambao baadhi yetu tutaitwa kukalimani katika ofisi na mahakama za mkoa huu, tunaweza kujifunza ustadi huo kama tunavyojifunza ngeli. Anayetafsiri aliharibiwa anapaswa kujua kwamba ana deni: amrudie msemaji, kwa upole, amwulize ni nani aliyeharibu, kisha aandike jibu.

Tunaweza pia kukusanya. Kwetu mke anayeonewa huimba akitwanga, na majirani huelewa. Mama zetu wana nyimbo za ndoa, za mahari na za msiba ambamo malalamiko ya nyumbani yamo wazi kwa anayejua kusikiliza. Nyimbo hizo, za Kirega na za Kiswahili cha Maniema, zinastahili kurekodiwa kwa idhini ya wenyewe na kuchambuliwa vitenzi vyake: nani anatenda, nani anatendwa, nani anafichwa na kwa nini. Mwanasosholojia mwenye kamera atakuja na atafanya kazi yake. Lakini atahitaji watu wanaojua kwamba kiambishi kimoja, -w-, kinaweza kumfuta mtu mzima.

Mgeni yule wa Unguja hakurudi kwao. Wanawake waliomsemea walifungwa, na daftari la mahakama likafungwa pamoja nao. Jina la aliyemuua halijafutika, na aliyelizuia lisifutike ni binti wa mfinyanzi wa Fumba, aliyezaliwa akiitwa Mtumwa.